Filamu Bubu za Milima ya Usambara na Historia ya Drama ya Kiswahili

Wanafunzi wetu wa fasihi wanapoulizwa drama ya Kiswahili iliyoandikwa ilianza lini katika Kenya, jibu lao aghalabu ni mwaka 1957. Mwaka huo ndipo zilipochapishwa tamthilia mbili za Graham Hyslop, Afadhali Mchawi na Mgeni Karibu, pamoja na Nakupenda Lakini ya Henry Kuria, ambayo ilikuwa imekwisha kuigizwa na wanafunzi wa Alliance High School, Kikuyu, miaka michache kabla. Kwa mtu anayehesabu vitabu, jibu hilo halina kasoro. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba kuhesabu vitabu hakutoshi. Miaka 22 kabla ya tamthilia hizo kufika dukani, kule Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, Waafrika walikuwa wakiigiza mbele ya kamera visa vya maisha ya mashambani, na Kiswahili kilikuwa kikitiwa katika santuri ili kivisemee visa hivyo. Filamu zenyewe zilikuwa bubu. Tutadai kwamba ububu huo haukutokana na uhaba wa mitambo peke yake, bali ulikuwa jibu la swali la lugha, na kwamba jibu lile bado linasikika hapa Nairobi.

Msomaji aweza kuuliza: filamu isiyosema inaihusu nini idara ya lugha? Inaihusu sana, kwa kuwa hakuna sanaa inayohitaji lugha kuliko ile iliyonyimwa ulimi wake. Filamu bubu za Ulaya na Marekani zilipachikwa maandishi baina ya picha na picha, na kwa hiyo zilimtegemea mtazamaji ajuaye kusoma. Japani ilichukua njia nyingine. Huko, msimulizi aliyeitwa benshi alisimama kando ya pazia akaieleza picha, akawasemea wahusika wote kwa sauti tofauti, na sifa zake zikawa kubwa hata watu wakalipa kiingilio kwa ajili yake yeye kuliko kwa ajili ya picha. Afrika ya Mashariki ilizijua njia zote mbili, lakini kwa mpangilio wake wa kikoloni.

Nairobi ilipata jumba la Theatre Royal mwaka 1912, katika barabara ambayo leo ni Kenyatta Avenue. Baadaye jumba hilo likaitwa Cameo. Mwaka huo huo serikali ilitunga sheria ya kusimamia michezo ya jukwaani na maonyesho ya sinema. Tangu mwanzo, basi, sinema katika mji huu ilikuwa jambo la leseni, na katika miaka iliyofuata ikawa pia jambo la rangi ya ngozi, kwani wakaguzi walikuwa wakiamua filamu ipi yafaa kutazamwa na Mwafrika na ipi haimfai. Hofu iliyokuwa nyuma ya ukaguzi huo haikuwa kwamba Mwafrika hataielewa picha. Hofu ilikuwa kwamba ataielewa. Mzungu akionekana pazuiani analewa, anaiba au anapigwa, heshima ya mtawala ingesimama wapi?

Hata hivyo, maandishi mengi ya wakati ule yanadai kinyume chake: kwamba akili ya Mwafrika haijazoea picha, na kwamba lazima atengenezewe filamu za mwendo wa pole, zisizo na hila za kamera. Kiko kisa maarufu cha mbu, kilichosimuliwa mara nyingi na maofisa. Wanakijiji walionyeshwa mbu aliyekuzwa akalijaza pazia zima, nao wakasema kwamba, alhamdulillahi, mbu wa kwao si wakubwa hivyo, basi hawana la kuogopa. Kisa hiki kilitolewa kama ushahidi wa ujinga. Yeyote aliyekaa barazani na wazee kwa jioni moja atatambua kwamba huo ni utani, tena utani mzuri, na kwamba aliyechekwa alikuwa yule mwenye daftari. Julian Huxley, mwanabiolojia aliyezunguka Kenya, Uganda na Tanganyika mwaka 1929 akiwaonyesha wanafunzi wa shule filamu kadhaa ili kuwapima, alikuta kwamba wanazielewa bila taabu kubwa. Ushahidi wake haukuwanyamazisha wenye nadharia.

Jaribio la Vugiri lilizaliwa katika hali hiyo. Mwaka 1932, J. Merle Davis wa Baraza la Kimataifa la Misheni aliongoza uchunguzi kuhusu migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini na taathira yake kwa jamii za Waafrika. Matokeo yalichapishwa mwaka 1933 katika kitabu Modern Industry and the African. Miongoni mwa mawazo yaliyotokana na safari hiyo ni kwamba sinema ingeweza kuwa daraja kati ya kijiji na ulimwengu mpya uliokuwa ukikizingira. Shirika la Carnegie la New York likatoa fedha. Mwezi Machi 1935 kazi ikaanza kwa jina la Bantu Educational Kinema Experiment, yaani jaribio la sinema ya elimu kwa Wabantu. Meja L. A. Notcutt, aliyekuwa ameishi Afrika ya Mashariki katika mashamba ya mkonge, alisimamia upigaji picha, G. C. Latham, aliyewahi kuongoza elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini, alisimamia upande wa mafunzo. Kufikia mwaka 1937 walikuwa wametengeneza filamu 35, na ripoti yao, The African and the Cinema, ikachapishwa mwaka huo huo.

Inafaa kukumbuka kwamba Shirika hilo la Carnegie ndilo lililoisaidia pia Jeanes School ya Kabete, magharibi mwa Nairobi, iliyoanzishwa mwaka 1925 kuwafunza walimu watakaokwenda vijijini kufundisha kilimo bora, usafi na malezi. Falsafa ilikuwa moja: Mwafrika ni mtu wa shamba, na elimu imboreshe akiwa huko huko shambani. Kabete ilimtuma mwalimu; Vugiri ilituma picha. Ukiziangalia mada za filamu za Vugiri, utadhani unasoma ratiba ya Kabete: safura na minyoo yake, malaria ya watoto wachanga, chai, kahawa chini ya migomba, mmomonyoko wa udongo, kodi, benki ya akiba ya posta.

Tuitazame hiyo ya mwisho, maana ndiyo iliyokaribia zaidi kuwa drama. Vibarua wawili wa shambani wanalipwa mshahara. Mmoja anazipeleka fedha zake posta. Mwingine anazifukia katika sakafu ya nyumba yake, naye mwizi anamwona, na fedha zinaibwa. Kisa ni chepesi, na mwelekeo wake unajulikana kabla ya robo ya filamu kupita. Lakini tukikiangalia kwa macho ya mtu wa lugha, tunakutana na jambo zito. Picha yaweza kuonyesha mkono unaofukia sarafu na mkono unaozitoa dirishani mwa posta. Haiwezi kuonyesha kwa nini fedha zilizokaa posta zinaongezeka. Hapo lazima mtu aseme, na akisema lazima achague neno. Akisema riba, Mwislamu wa pwani na wa Korogwe atasikia dhambi. Akisema faida, atasikika kama mtu wa dukani, na mkulima atauliza kimeuzwa nini. Akisema nyongeza, ameikwepa dhambi na duka pia, lakini hajaeleza kitu. Hoja nzima ya filamu, yaani kwamba posta ni bora kuliko sakafu, imetundikwa juu ya nomino moja ambayo kamera haina uwezo nayo. Ndiyo maana tunasema kwamba drama ya filamu hizi ilikuwa katika sauti kuliko katika picha.

Sauti hiyo ilipatikanaje? Kamera ilikuwa ya filamu ya milimita 16, isiyonasa sauti. Picha zilipigwa kimya, kisha maneno yakarekodiwa katika santuri, na wakati wa maonyesho santuri ilichezwa sambamba na mtambo wa picha. Mafundi walilalamikia ubora wa kazi, nao walikuwa na haki, kwani kuoanisha santuri na picha kulikuwa kwa shida na matokeo yake yalikuwa hafifu. Lakini msomaji akumbuke kwamba mwaka 1935 filamu zinazosema hazikuwa jambo geni tena. The Jazz Singer ilikuwa imetoka tangu mwaka 1927. Uwezo wa kuiunga sauti na picha katika ukanda mmoja ulikuwako duniani. Ulikuwa ghali, naam. Lakini fedha si sababu pekee. Lau sauti ingaliungwa na picha, filamu ingalizaliwa na lugha moja na kubaki nayo. Vugiri ilitaka picha moja iende kwa watu wengi, na kwa hiyo ikaiacha bubu ili iweze kuazimwa ndimi nyingi: Kiswahili, Kisukuma, Kikuyu, Kijaluo, Kiganda, Kinyanja, Kibemba na nyinginezo. (Jina la jaribio lilitaja Wabantu peke yao, lakini Kijaluo kikaingia bila kuulizwa ukoo wake.) Kati ya Septemba 1935 na Februari 1936 lori la maonyesho lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, na watazamaji walikadiriwa kuwa takribani 80,000.

Swali linalotukera ni hili: mlima wenyewe ulisema kwa lugha gani? Usambara ni nchi ya Wasambaa, na lugha yao ni Kisambaa. Miinuko ile, mashamba ya migomba na nyuso zile ndizo zilizojaza picha nyingi za Vugiri. Lakini mtazamaji wa Kikuyu aliwasikia watu wa mlimani wakisemewa kwa Kikuyu, na wa Buganda kwa Kiganda. Kiswahili nacho kiliposemwa kilikuwa kwa wengi lugha ya soko, ya shule na ya boma. Mkulima wa Usambara akageuzwa kuwa mkulima wa mahali popote. Sura yake ilihitajika, maneno yake hayakuhitajika.

Jambo hili si la Afrika tu. Mwaka 1927 Karl Brown wa Marekani alitengeneza filamu bubu iitwayo Stark Love, drama ya maisha ya watu wa milimani huko North Carolina, na wengi wa walioigiza walikuwa wenyeji. Nao pia walipigwa picha wakisema na wasisikike. Maneno yao yaliandikwa na wengine, kwa ajili ya watazamaji wa mjini. Filamu hiyo ilidhaniwa imepotea mpaka nakala yake ilipopatikana Prague. Tofauti ni kwamba Brown alitaka watu wa mjini wawashangae watu wa mlimani. Vugiri ilitaka watu wa shamba wajione wao wenyewe na wajirekebishe. Kati ya hayo mawili, sijui lipi ni zito zaidi kulibeba.

Na tusidhani kwamba Usambara ilikuwa haijapata kusimuliwa kwa Kiswahili mpaka lori la Notcutt lilipopanda mlima. Miongo minne kabla, Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy alikuwa amekwisha kuandika Habari za Wakilindi, ambayo wamisionari wa UMCA waliichapisha kwa sehemu huko Magila kuanzia miaka ya 1890, na ambayo East African Literature Bureau iliitoa upya hapa Nairobi mwaka 1962. Humo mna Mbegha, mwindaji aliyetoka Ngulu akiwa amefukuzwa na jamaa zake, akapanda milima na mbwa wake, akawagawia watu nyama, akaamua magomvi yao, na mwisho akafanywa mfalme. Mna vita vya ndugu, hila za wakwe, viapo na usaliti. Drama ya maisha ya mlimani iko pale tayari, kwa Kiswahili chenye nguvu, na imeandikwa na mtu aliyeishi katika baraza za watawala hao. Mtengenezaji filamu aliyefika Vugiri mwaka 1935 alikuwa amekaa juu ya hazina hiyo, na akachagua benki ya posta. Hatusemi kwamba safura haikuwa na madhara. Tunasema kwamba aliyechagua mada alikwisha kuamua kuwa watu wa mlima ule wana matatizo na hawana historia.

Mwaka 1937 jaribio lilikoma. Serikali za Kenya, Uganda na Tanganyika hazikukubali kuligharamia liendelee. Katika filamu 35, zinazojulikana kusalia ni tatu: ile ya safura, ile ya mafunzo ya matabibu wa mifugo, na ile ya mashamba ya wakulima huko Kingolwira. Hapa uamuzi wa mwaka 1935 ulilipwa. Kwa kuwa picha na sauti zilikaa katika vyombo viwili mbalimbali, aliyehifadhi ukanda hakuwa amehifadhi neno hata moja. Wanahistoria wa filamu wana cha kutazama. Sisi wa Kiswahili, ambao sauti ile ilikuwa mali yetu, tumeachiwa picha za watu wanaofungua vinywa. Yamkini hiyo ndiyo sababu vitabu vyetu vya historia ya tamthilia vimelipita jaribio hili kimya kimya. Tumezoea kuamini kilichochapwa.

Colonial Film Unit, iliyoundwa London mwaka 1939 na kudumu hadi 1955, iliurithi ububu lakini ikaitupa santuri. Mkuu wake, William Sellers, aliyekuwa ameanza kazi hiyo Nigeria, aliona ni afadhali picha iende kimya na mtu asimame kando na kipaza sauti. Miongoni mwa waliofanya naye kazi alikuwa George Pearson, mkongwe wa filamu bubu za Uingereza, ambaye ufundi wake ulikuwa umepitwa na wakati kwao ukapata maisha ya pili katika makoloni. Msimulizi alipewa maelezo yaliyoandikwa, na maofisa walisisitiza asitoke nje yake. Msisitizo huo wenyewe unatuambia kwamba alitoka. Nani angemzuia, gizani, mbele ya mamia ya watu, na ofisa asiyejua lugha akiwa ameketi nyuma?

Tutazame tarehe moja zaidi. Kamati ya Lugha ya Afrika ya Mashariki, iliyoundwa mwaka 1930 kukisanifisha Kiswahili, ilikuwa na makao yake Nairobi tangu 1942 hadi 1952. Ndiyo miaka ile ile ambapo magari ya sinema yalikuwa yakizunguka vijijini. Mjini, Kiswahili kilikuwa kikipimwa neno kwa neno kabla kitabu hakijapewa idhini. Vijijini, kilikuwa kikisemwa papo kwa papo juu ya picha zinazokimbia, na watu ambao hakuna kamati iliyowasahihisha. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 zilifuata filamu za Kiswahili za Tanganyika kama Muhogo Mchungu, ambamo aliigiza Rashidi Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu mwaka 1962. Baada ya uhuru, magari ya sinema hayakutoweka. Wengi waliokulia Kenya katika miaka ya 1970 na 1980 wanaikumbuka ile sauti ya kipaza sauti iliyopita njiani mchana ikitangaza sinema leo, na ile dawa ya meno au sabuni iliyosifiwa kabla ya picha kuanza.

Ukitoka Kenyatta Avenue ukashika Waiyaki Way, ukapita Westlands na kufika Kangemi, au ukakata kuelekea Kawangware, utakuta vibanda vya mabati vyenye benchi na televisheni, ambako kwa ada ndogo vijana wametazama filamu za Hong Kong, India na Marekani zikisimuliwa kwa Kiswahili na Sheng. Msimulizi aliyevuma zaidi ni DJ Afro, ambaye kanda zake zimesikika katika vibanda hivi tangu miaka ya 2000. Dar es Salaam ilikuwa na Lufufu, na Kampala ina wa kwake. Filamu hizi si bubu. Zina sauti za gharama kubwa, na msimulizi huzipunguza ili yeye asikike. Kule Vugiri mwenye kamera ndiye aliyeinyamazisha picha ili aiwekee maneno aliyoyataka. Kangemi anayeinyamazisha ni msimulizi, kwa niaba ya aliyeketi bencheni. Humpa steringi jina la mtaani, humcheka adui, humwonya mtazamaji mapema, hugombana na picha yenyewe pale kisa kinapomwudhi. Wenzetu wengi huziba masikio kwa sababu ya Sheng. Ni haki yao, ila wanapitwa na mambo ya sarufi ambayo vitabu havina.

Nitataja moja tu. Masimulizi ya Kiswahili, kuanzia ngano za bibi hadi Habari za Wakilindi, huendeshwa na kiambishi -ka-: akapanda, akawagawia, akawaamua. Kiambishi hicho kina sharti kwamba tendo limekwisha kupita na msimulizi analimiliki. Msimulizi wa filamu halimiliki tendo. Liko mbele yake, na mtazamaji analiona pamoja naye. Kwa hiyo hulazimika kutumia -na-, na katika mapigano marefu -na- hiyo hupigwa mfululizo kama ngoma: anainuka, anamkaba, anamtupa. Akichelewa, hukimbilia -me-, ili kulidaka tendo lililomponyoka: amekwisha kumwangusha. Akiijua filamu kwa kuwa ameitazama mara nyingi, hutupa -ta- mbele ya picha na kuwaacha watu wakiingoja. Na -ka- haijafa. Hurudi pale picha inapotulia, mathali gari linapokwenda barabarani au mtu anapolala, na msimulizi anapata nafasi ya kueleza yaliyotukia kabla, ambayo filamu haikuyaonyesha. Hapo husikika ghafula Kiswahili cha ngano, kirefu na kilichotulia, mpaka risasi inayofuata.